Mgongo Namba Thelathini na Moja

Ijumaa nilikabidhi funguo za makabati manne ya karakana, nikastaafu. Jumamosi asubuhi Mama Anjela akanipigia simu kuuliza ule mwavuli mbovu uko wapi, maana mvua ilikuwa inanyesha. Nikamjibu kwamba haupo tena: uko vipande vipande kwenye droo ya patasi, na umekuwa humo miaka yote niliyofanya kazi kwake. Simu hiyo ndiyo iliyonifanya nikubali kuwaandikia maelezo haya ya kazi. Kama mwenye karakana hajui kwamba patasi zake ndogo zinatokana na mbavu za mwavuli zilizonolewa, nyinyi mliokuja juzi mnajua nini?

Kazi yetu naieleza tena, kwa sababu nimewasikia mkiieleza vibaya. Karakana yetu ya Ujiji inatafuta, inachagua na inachonga visanamu vya mchezo wa mezani. Katika mchezo huo mtu mmoja anasimulia kisa cha kubuni, chenye majini na wafalme na miji iliyopotea. Wenzake wanne au watano, kila mmoja ana mhusika wake na anaamua mhusika huyo atende nini. Kisha dadu inasema kama amefaulu. Kisa kimoja kinaweza kula Jumamosi za mwaka mzima. Visanamu vinasimama mezani ili watu wasibishane nani alikuwa wapi. Basi. Si uchawi, kama mmoja wenu alivyomwambia mama mmoja wa Gungu kwa kujifurahisha. Mama yule hakurudi, na binti yake alikuwa mteja mzuri.

Mimi nilianza bila kujua lolote kati ya haya. Shule niliiachia kidato cha pili kule Kasulu. Mengine nimejisomea mwenyewe, kamusi mkono wa kushoto na kitabu cha kanuni za mchezo mkono wa kulia. Siku ya kwanza nilipewa sokwe arobaini na karatasi moja ya msasa. Wakati huo karakana ilichonga sokwe wa mbao kwa ajili ya watalii wanaokuja kutazama sokwe wa kweli. Mpaka leo sijaelewa mtu aliyemwona mwenyewe msituni anamhitaji wa mbao wa nini. Nilisugua makalio ya sokwe kwa miezi mitano. Nyinyi mnalalamika kusugua vizibo vya soda vya kusimamishia visanamu.

Kisha akaja mgeni mmoja aliyekuwa anasubiri boti. Alitoa karatasi yenye michoro, akauliza kama tunaweza kumchongea watu saba wenye kimo cha nusu ya dole gumba. Mama Anjela alizaliwa Uvira, akavuka ziwa akiwa msichana, na katika maisha yake hajapata kumwambia mteja hapana.

"Tutafanya, bwana. Iko kazi kidogo tu," alimwambia, kisha akageuka kumtazama Fundi Ramadhani kama mtu aliyetia saini kwa jina la mwingine.

Fundi Ramadhani alikuwa mtu wa Ujiji, aliyeunda mitumbwi kule Katonga mpaka magoti yakakataa. Alichukua kijiti cha mpera, kwa kuwa mpera hauchaniki ovyo hata ukiuchonga mwembamba kama njiti ya kiberiti, akakaa nacho siku tatu. Siku ya nne watu saba walikuwa wamesimama kwenye kigoda. Hakuna hata mmoja aliyekuwa na uso. Mbele ya kichwa palikuwa laini kama yai.

"Fundi, umesahau nyuso," nilimwambia.

"Sikusahau. Uso ni kazi ya Muumba. Mimi nimeachiwa mgongo."

"Sasa mteja atawajuaje hawa?"

Aliendelea kufuta kisu chake. "Baba yako akikutangulia njiani kwenda sokoni, unamkimbilia umchungulie uso ndipo umjue?"

Mgeni alipokuja kuwachukua hakulalamika. Aliwageuza wale saba mmoja mmoja, akawataja wote kwa majina aliyowapa yeye, akaondoka. Baada ya hapo zikaanza kuja barua za watu wa mchezo, kwanza wa mbali, halafu wa Dar na Mwanza, mwishowe wa hapa hapa mjini. Sokwe wakaishia kushikilia milango.

Fundi alinifundisha jambo moja ambalo nyinyi mnalichukulia kama mzaha wa wazee. Weka kisanamu mezani, mgongo wake ukuelekee. Rudi nyuma hatua tatu. Hesabu mpaka tano. Kama hujajua ni nani na anafanya kazi gani, kirudishe kabatini hata kama kina mabawa ya dhahabu. Hatua tatu ndizo zilizopo kati ya meza na mchezaji aliyeegemea kiti chake amechoka. Mimi nimewaona mnachagua kwa picha ya simu, mkiikuza kwa vidole viwili mpaka pua ya kisanamu inajaa kioo. Nani anachezea mchezo ndani ya pua?

Nusu ya kazi ni kutafuta, na hapo pia mmeniaibisha. Nilikuwa naingia kwenye marobota ya mitumba pale robota linapofunguliwa, si mchana watoto wakishachagua. Chini kabisa hukaa mfuko wa wanasesere: askari wa plastiki, farasi wa sataranji, ng'ombe, bibi harusi aliyetolewa juu ya keki. Bibi harusi huyo nilimkata shela, nikamvika mfuko wa chai, akawa malkia wa wafu kwa kundi la Mwanza, na nasikia walimwogopa. Mmoja wenu niliyemtuma aniletee watumishi wa kasri alirudi na majoka sita. Nilipomuuliza majoka sita yatapika saa ngapi, akasema, "Mama, lakini noma sana." Noma ndiyo. Kisa chenye majoka sita ni banda la kuku lenye kelele kubwa zaidi.

Wateja nao si wa kuhurumia. Kundi moja la Dar lilitunga kisa kinachotokea mwambao wa ziwa letu hili, kwenye joto letu hili, halafu likaagiza mashujaa tisa wenye makoti ya manyoya mpaka visiginoni. Nikawaandikia kwa heshima kuuliza watu wao wataogeleaje. Wakajibu kwamba ndivyo inavyokuwa kwenye picha. Mwingine alitaka upanga mrefu kuliko aliyeushika. Nikauchonga, nikampelekea, kisanamu kikaanguka kifudifudi kila kikisimamishwa. Aliponipigia nilimwambia kisanamu chake kina akili kuliko yeye, kimekataa mzigo. Mama Anjela aliniomba nisishike simu tena. Tangu hapo niligandisha washa ya chuma, ile pete nzito ya kukazia nati, ndani ya kila kizibo cha soda kabla ya kukijaza gundi na unga wa mbao, ili hata mjinga asimame.

Na wote, wa karibu na wa mbali, wanataka mashujaa. Hakuna anayeagiza wa kubeba. Watu watano wanavuka jangwa kwa miezi miwili na maji yao hayabebwi na mtu. Mimi ni Muha, najua umbali wa Kasulu hadi ziwani kwa miguu yangu. Kila sanduku nililopanga niliongeza mchukuzi mmoja, wameomba au hawakuomba.

Ili kupata migongo nilikuwa na daftari. Karakana iko mbele ya njia ya watu wanaokwenda msikitini na sokoni, nami nilikaa dirishani. Niliandika: namba tisa, mwanamke, anatembea kama aliyeacha chungu motoni. Namba kumi na nne, kijana, mabega yako mbele ya miguu. Sikuandika majina, na nilijisifu kwa hilo. Nilijiambia kwamba uso una mwenyewe, lakini mgongo ni wa yeyote anayeuona. Hiyo ilikuwa hoja yangu mwenyewe, nimeitunga mwenyewe, na kwa mtu aliyejisomea hakuna hoja tamu kama hiyo. Fundi Ramadhani hakuniambia hivyo hata siku moja. Nisingependa mumlaumu.

Sasa nawapa habari ya Sharifa, ambayo wawili wenu huisimulia kama kichekesho.

Sharifa alikuwa binti wa miaka ishirini, amemaliza shule, yuko nyumbani kwa baba yake hapa Ujiji. Alikuwa msimulizi bora niliyepata kumsikiliza. Kisa chake kilikuwa cha msafara unaoshuka chini ya ziwa kutafuta mji uliozama, na watu wa mji huo hawajui kama wamezama. Alikisimulia sebuleni kwao kila Jumamosi baada ya alasiri, na marafiki zake watano wa kike, kwa kuwa baba yake alikubali wageni waje lakini hakukubali yeye ahangaike mitaani. Rafiki mmoja akaleta kutoka Dar sanduku la visanamu vya plastiki, vyenye macho, meno na ndimi nje.

Sharifa aliingia karakana Jumatatu, akaamkia kwa haraka, akakaa kwenye kigoda bila kukaribishwa.

"Mama, baba ameviona. Ameniambia sanamu zenye nyuso zitoke nyumbani kwake kabla ya alasiri. Nimezitoa."

"Amefanya vizuri. Zilikuwa mbaya."

"Mama, sijamaliza. Amesema Jumamosi atakuja kukaa mezani mwenyewe. Akiona hata moja isiyompendeza, mkusanyiko umekwisha. Na mkusanyiko ukiisha, napelekwa Ilagala kwa shangazi kuanika dagaa, kwa sababu ati hapa sina shughuli."

"Dagaa ni shughuli."

"Najua. Lakini ndio mwisho wangu, Mama. Ilagala sitasimulia tena. Shangazi hata redio anazima nikiisikiliza."

Hakulia. Angelia ningemfukuza. Alitoa kurasa sita za kisa chake, zimeandikwa safi, pembezoni ameweka kila mhusika amebeba nini. Nilisoma zote usiku ule na kesho yake asubuhi, nikaandika orodha: viongozi wawili, mganga, mpiga mbizi, mtoro, watu wa mji kumi na mmoja, na mchukuzi. Yeye mwenyewe alikuwa amemweka mchukuzi, bila kuambiwa. Ndiyo maana nilifanya kazi ile kwa bidii kuliko kazi nyingine yoyote.

Fundi alichonga, nami nikachagua, nikapunguza, nikarudi hatua tatu, nikahesabu. Mganga alikataliwa mara nne. Mtoro nilimtoa kwenye mfuko wa mitumba, askari wa plastiki aliyepigwa msasa mpaka akasahau vita. Kwa mchukuzi nilifungua daftari: namba thelathini na moja. Mwanamume mtu mzima, bega la kushoto chini, kichwa kimetangulia, mkono wa kulia nyuma kiunoni kama anayehakikisha kiuno bado kipo. Nilimchonga mwenyewe. Kati ya vyote kilikuwa bora, na nilijua.

Jumamosi nilikwenda na sinia lililofunikwa kitambaa. Wasichana watano walikaa kwenye mkeka kama wanasubiri matokeo. Mama yake Sharifa alikuwa nyuma ya pazia la jikoni. Baba yake akaingia kutoka msikitini, na nilipomwamkia akapita mbele yangu kwenda kwenye kiti. Nikaona mgongo.

Wakati ule ndipo nilipotambua namba thelathini na moja. Nilikuwa nimemwandika miezi minane kabla na sikujua ni nani. Nilishika kitambaa cha sinia, nikafikiri kumtia mchukuzi mfukoni, lakini Sharifa alikuwa ameshalifunua sinia.

Mzee Sefu, baba yake Sharifa, alikuwa mchukuzi bandarini miaka thelathini, akishusha magunia ya maboti yanayotoka Kongo. Alichukua visanamu kimoja kimoja, akageuza, akapitisha kidole pale palipopaswa kuwa na uso.

"Huyu?"

"Mganga, baba," alisema Sharifa.

"Hana neno. Huyu?"

"Mpiga mbizi."

"Hana neno."

Kumi na sita vilipita hivyo. Cha kumi na saba alikiinua, akakiweka mezani kwa taratibu, akakitazama kwa nyuma.

"Na huyu nani?"

"Mchukuzi, Mzee," nilisema mimi. "Anabeba maji na taa za msafara."

"Nimekuuliza nani. Sikuuliza anabeba nini."

"Hana uso, Mzee."

"Uso wa nini? Mke wangu angemjua huyu kutoka ng'ambo ya soko."

Pazia likasogea. Mama yake Sharifa alitazama mara moja tu. "Ni wewe, baba Sharifa. Hata mkono wa kiuno umewekwa. Toka lini umekuwa mdogo hivyo?"

Msichana mmoja aliangua kicheko, akakimeza. Mzee Sefu hakucheka. Aliniuliza, kwa sauti ya kawaida kabisa, ambayo ilikuwa mbaya kuliko ya ukali: "Ulinipata wapi?"

"Dirishani, Mzee. Ukipita."

"Uliniomba?"

"Hapana."

"Kwa hiyo vile vya Dar vina nyuso zisizo za mtu. Wewe umeniletea mtu mzima nyumbani kwake mwenyewe, kisha unaniambia hana uso."

Nimesoma vitabu vingi kuliko mzee yule. Nilisema nimekosa. Sharifa alikuwa anatazama sinia, na nilijua anaiona Ilagala.

Mzee akasimama. Alikichukua kile kisanamu, akakitia mfuko wa kanzu.

"Hawa wengine hawana wenyewe. Chezeni. Huyu namwondoa, na nitajua la kumfanya."

Mkusanyiko ukabaki. Sharifa hakwenda Ilagala. Lakini msafara wake ulikuwa umepoteza mtu wa maji na taa. Jumatatu nilimwendea na mchukuzi mwingine, wa bega jingine kabisa. Alimkataa.

"Huyu si yeye, Mama."

"Ni mti wa mpera, Sharifa. Yule pia alikuwa mti wa mpera."

"Wewe ndiye uliyenifundisha hatua tatu," alisema. Akaweka mezani kokwa ya chikichi mahali pa mchukuzi, na kwa mwaka mzima msafara ule ulishuka ziwani ukiwa na mashujaa watano waliochongwa vizuri na kokwa moja iliyobeba kila kitu. Wachezaji walipotaka kuiacha nyuma, aliwaambia, "Sawa. Mtakunywa nini?" Kisa kiliisha. Siku hizi anafundisha Kiswahili katika sekondari, na wanafunzi wake wamenifikia wakitaka watumishi, wapishi, wapagazi. Sijapata wateja wengine wenye akili kiasi hicho.

Tangu siku ile daftari lina safu mbili zaidi: jina la mwenye mgongo, na kama ameridhia. Mnaiita urasimu. Nimemsikia mmoja akisema, "Mama na fomu zake za migongo." Watatu kati ya wanne hukataa, na wa nne anataka kuongezwa misuli. Ni kazi ya kuchosha. Itaendelea kufanywa, kwa sababu nimeacha safu hizo zimepigwa mistari mpaka ukurasa wa mwisho.

Fundi Ramadhani alifariki mwaka uliofuata. Patasi zake ndizo zile za mwavuli. Sina la kusema juu yake ambalo halimo katika kila kisanamu mnachokishika vibaya.

Alhamisi, siku moja kabla ya kukabidhi funguo, nilikuwa peke yangu karakana baada ya adhuhuri. Mzee Sefu aliingia na bakora. Hakuwa amekanyaga mlango wetu hata mara moja tangu siku ya sinia. Alikaa, akapumua, akatoa kitu kilichofungwa kwenye kipande cha wavu wa dagaa. Kilikuwa ni namba thelathini na moja. Mguu mmoja umevunjika kwenye goti, na mpera umekuwa mweusi kwa kushikwashikwa.

"Shikamoo, Mzee. Nilidhani ulikichoma."

"Nilisema nitamwondoa mezani. Nikamwondoa. Nyumbani kwangu hajaingia. Yuko banda la mbuzi, ndani ya kopo la misumari. Mbuzi ndiye amemvunja."

"Nitamtengeneza."

"Mtengeneze mguu. Na mgongo umshushe kidogo. Siku hizi niko chini zaidi."

Nilimwomba asimame aelekee mlangoni. Alisimama. Nikarudi hatua tatu, nikahesabu mpaka tano, nikaandika. Kwenye safu ya jina nikaandika Sefu, na kwenye safu ya ridhaa nikamuuliza kama utaratibu unavyotaka, akaitika. Kisha, kwa kuwa ilikuwa kazi yangu ya mwisho na nilitaka kuwa na uhakika, nikauliza kama sasa angependa pia awekewe kauso kadogo, hata alama mbili tu za macho.

Aligeuka, akanitazama kama mimi ninavyowatazama nyinyi.

"Miaka yote hii," alisema, "na bado hujajifunza kazi?"